Asante ya Kikombe cha Kwanza

Hebu mwone Ña Eladia akija; Ña kwetu ni kama Bi. Ni asubuhi ya Jumatatu, mwezi wa Novemba, joto limeamka kabla ya watu. Anatokea upande wa reli ya zamani, kikapu cha majani mabichi kichwani, kinu cha mbao amekibeba kiunoni kama mtoto mkubwa anayegoma kutembea. Mchi umo ndani ya kinu, na kila anapokanyaga unagonga: ko, ko, ko. Hapa kwetu Paraguai, katika mji huu mdogo ulio kando ya barabara kuu, mlio huo ndio unaofungua siku.

Anafika konani. Anatandika gunia, anapanga mafungu: mnanaa, mchaichai, majani ya mlimau, na mizizi ambayo jina lake alikuwa akilijua yeye na marehemu mama yake. Mteja anakuja na jagi lake la maji ya barafu, anasema kinachomsumbua, Ña Eladia anatwanga, anatia ndani ya jagi, mtu anakwenda zake kazini kunywa tereré, kinywaji chetu cha baridi. Mimi nauza chipa, vile vimkate vya jibini na unga wa muhogo, kona hiyohiyo, na mwavuli wetu ni mmoja. Kwa hiyo ninayokusimulia nimeyaona kwa karibu.

Siku hiyo wa kwanza alikuwa Sindulfo, mwenye duka la nyama.

"Umeamkaje, Ña Eladia? Nitwangie ya tumbo. Jana shemeji alichoma nyama mpaka jua likazama."

"Nyama haijawahi kumuumiza mtu tumbo, Sindulfo. Ni kile kilichoisindikiza."

"Kilikuwa kidogo tu, naapa!"

"Ndiyo. Kidogo, mara nyingi."

Foleni nzima ikacheka. Ña Eladia hakucheka, lakini yeye huwa hacheki mizaha yake mwenyewe, basi hakuna aliyeshtuka. Alitwanga, akamimina, akafuta mchi kwa aproni.

"Na Perla je?" akauliza Sindulfo. "Sijamwona akipita kwenda shule."

"Yupo."

Neno moja. Mimi nilijua uzito wake, maana jana yake nilikuwa mezani kwa Ña Eladia. Nilijua kwamba mjukuu wake amelala kitandani pa bibi yake na viatu miguuni, dada yangu amekaa naye, na kwamba kuna mtu mahali fulani aliyempa msichana yule muda mpaka jioni ya siku hiyo.

Ngoja nikurudishe nyuma kidogo, nisije nikakuacha njiani.

Ña Eladia ana binti mmoja, Gricelda. Gricelda yuko Valencia, Uhispania, anamlea mzee mmoja ambaye kila asubuhi humwuliza yeye ni nani. Alipoondoka, alimwacha Perla kwa bibi yake akiwa bado hajui kufunga kamba za viatu. Hapa mtaani jambo hilo si la ajabu. Nyumba nyingi zina bibi, mtoto, na picha ya mama ukutani.

Siku ya Wafalme Watatu, watoto wanapoacha viatu vyao dirishani ili waletewe zawadi, Perla alikuta simu juu ya kiatu chake. Mama yake ndiye aliyeituma, wapate kuonana nyuso. Ña Eladia aliifumia simu ile kifuniko cha uzi mweupe, kama kile anachofunikia mtungi wa maji. Kila jioni baada ya chakula aliiweka juu ya kabati, akaifunika, isipate vumbi. Kwake yeye, kuitunza simu ilikuwa ni hivyo.

Na kila alfajiri, kabla ya kwenda konani, bibi na mjukuu walikunywa tereré barazani.

Hapa nikueleze kitu kimoja, maana bila hicho hutaelewa lingine. Tereré hainywewi kama chai, kila mtu na kikombe chake. Kikombe ni kimoja, pembe ya ng'ombe iliyojazwa majani makavu ya yerba, na mrija wa chuma. Mmoja ndiye mmiminaji. Anamimina maji baridi, anakupa, unanyonya mpaka pembe inakoroma, unairudisha kimya. Anamimina tena, anampa mwingine. Zamu inazunguka hivyo mpaka utosheke. Na ukitosheka, ndipo unaporudisha pembe na kusema "asante". Asante kwetu si ya kusema ovyo. Ukiisema, mmiminaji anakuruka, hakupi tena. Na hakuulizi kwa nini. Kumwuliza mtu kwa nini ametosheka ni kama kumhesabia matonge.

Perla alikuwa mnywaji. Alirudisha pembe mara nne, mara tano, mdomo haufungwi. Hapo ndipo Ña Eladia alipopata habari za shule, nani kagombana na nani, mwalimu gani ana viatu vinavyolia kama bata. Alikuwa akinisimulia konani, nami nikijua mambo ya darasa lile kuliko ya nyumbani kwangu.

Basi mwezi wa Septemba, asubuhi moja, Perla alinyonya kikombe cha kwanza, akairudisha pembe, akasema, "Asante, Bibi."

Ña Eladia akamwangalia. Perla akabaki amekaa. Bibi akamimina cha kwake, akanywa, wakaondoka.

Kesho yake hivyohivyo. Kikombe kimoja, asante, Bibi. Na keshokutwa. Lakini hakuinuka kwenda zake. Alikaa pale amekumbatia magoti yake mpaka jagi likaisha.

"Tumbo," Ña Eladia aliniambia konani. "Nitamtilia mnanaa zaidi."

Wiki iliyofuata aliniambia, "Si tumbo. Anakuwa mwanamke. Nitamtwangia ile mizizi."

"Umemwuliza?"

"Mtu kasema asante, nimwulize nini?"

Nami nikaona ni kweli. Tumekua hivyo.

Sasa Jumapili. Tulikuwa watatu mezani, yeye, mimi na Perla. Alikuwa amepika kuku, na ule mkate wetu wa mahindi na jibini ambao sisi wenyewe tunauita supu, wageni wakatucheka. Simu ilikuwa juu ya kabati, chini ya kifuniko chake cheupe, na ilikuwa inatetemeka. Inatulia, inatetemeka. Kifuniko kilikuwa kinasogea taratibu kuelekea ukingoni, kama kuna mdudu chini yake.

Mimi nikafanya mzaha. "Huyo mchumba hana adabu, anabisha hodi saa ya kula!"

Perla akainuka, akafika mlangoni, akatapika.

Ña Eladia alikwenda kumshika kichwa. Alimwosha uso, akamkalisha. Kisha akafunua simu, akaisoma. Ña Eladia husoma polepole, midomo ikitembea. Akanipa na mimi nisome. Kulikuwa na jina la msichana, Jazmín, na kijipicha cha msichana mwenye vyuma vya kunyoosha meno. Na maneno: *Kesho jioni. Usiponitumia nyingine, hizi zinakwenda kwa shule nzima, halafu kwa mama yako.*

"Jazmín ni nani?" akauliza Ña Eladia.

"Si Jazmín," akasema Perla.

Akatueleza. Hakulia. Alieleza kama mtu anayesoma orodha ya bidhaa za dukani. Walikutana katika mchezo wa simu, ule wa kulima shamba na kufuga ng'ombe. Jazmín alisema ana miaka kumi na minne, mwaka mmoja zaidi ya Perla. Alimwuliza, mama yako yuko wapi? Valencia. Kumbe! Wangu pia yuko Uhispania. Wangu pia hunipigia Jumapili. Mimi pia naishi kwa bibi. Kila alichokuwa nacho Perla, Jazmín alikuwa nacho. Wakaandikiana miezi miwili. Jazmín akatuma picha ya nywele zake alizosuka, Perla akatuma za kwake. Jazmín akatuma nyingine, akasema sasa zamu yako. Hivyo hivyo, zamu kwa zamu, mpaka ikafika picha ambayo Perla hakutaka kuituma, akaituma kwa sababu rafiki yake alikuwa ametangulia kutuma ya kwake. Siku hiyohiyo Jazmín akaandika: mimi si msichana, na kuanzia leo utafanya ninachokuambia.

"Lini hiyo?" nikauliza mimi.

"Septemba."

Ña Eladia akachukua simu. Akatoka nayo uani, pale kinu kilipokuwa kimeegeshwa ukutani. Akaitia ndani ya kinu. Hakufanya haraka, hakupiga kelele. Akashika mchi kwa mikono miwili kama anavyoushika kila siku ya Mungu, akauinua.

"Usiivunje, Bibi."

Perla alikuwa amesimama mlangoni.

"Ukiivunja, yeye atabaki nazo. Sisi tutabaki bila kitu. Maneno yake yote yamo humo."

Mchi ulibaki juu.

"Nani kakuambia hayo?"

"Kuna mama alikuja shuleni, wa ile simu ya bure ya watoto. Alisema tusifute, tusijibu, tumwambie mtu mzima."

"Sasa mbona hukuniambia?"

"Nilikuwa nakuja kukuambia. Kila asubuhi."

"Ulikuwa unasema asante."

"Nilikuwa nasema asante ili uniulize."

Mimi nilikuwa nimeshika kitambaa cha kufutia sakafu. Nakumbuka kilikuwa kinachuruzika juu ya mguu wangu na sikuona sababu ya kukitoa. Ña Eladia aliushusha mchi, akauegesha ukutani. Akainama, akaitoa simu ndani ya kinu. Ilikuwa na jani moja la mnanaa limegandia kwenye kioo. Akalibandua.

"Chakula kinapoa," akasema.

Tukarudi mezani. Tukala, ndiyo, wote watatu. Sijui nikuelezee vipi. Kuku alikuwa hana ladha, lakini tulimmaliza.

Kisha wakavaa nguo za misa, wakaenda kituo cha polisi, nami nikawafuata. Kijana wa zamu aliandika kila kitu. Alikuwa na sauti ya upole, aliuliza alichotakiwa kuuliza.

"Simu alipewa na nani, Ña?"

"Mama yake."

"Na wewe ulikuwa unaiangalia?"

"Nilikuwa naiangalia. Kila jioni naifunika isipate vumbi."

Kalamu ya kijana ikasimama. Akamtazama mikono, akaandika kitu kifupi. Akapiga simu kwa mama mmoja wa ofisi ya mashtaka, anayeshughulikia mambo ya watoto. Yule mama akaongea na Perla kwa simu muda mrefu, sisi tukasikia upande mmoja tu: ndiyo, hapana, ndiyo, hapana, sikumjibu. Akasema njooni kesho mchana. Msimjibu chochote, hata tusi. Msifute. Na mtoto asilale peke yake.

"Akizituma je?" akauliza Ña Eladia.

Yule mama hakumdanganya. Alisema huenda akazituma. Alisema pia kwamba angepewa alichotaka, huenda angezituma vilevile.

Ndiyo Jumatatu ile uliyomwona akija na kinu. Nilimwuliza kwa nini amekuja kuuza, siku kama ile. Akasema, "Mikono imeamka." Aliwatwangia watu mpaka mchana. Wa kikohozi, wa shinikizo la damu, wa usingizi. Mama mmoja akamwambia, "Ña Eladia, wewe ukimtazama mtu unajua anaumwa wapi." Akajibu, "Kumbe."

Mchana akamchukua mjukuu wake, wakaenda kule ofisini, wakaiacha simu. Jioni ikafika. Tulikaa barazani, hakuna simu ya kutazama, basi tulitazama barabara. Lori likapita. Mbwa wa Sindulfo akapita. Perla alikuwa amekaa katikati yetu. Giza lilipoingia akauliza, "Sasa imeshakuwa jioni?"

"Imeshakuwa," akasema bibi yake.

Alizituma. Si kwa shule nzima kama alivyotisha, bali kwa wasichana watatu wa darasa la Perla, waliokuwa wakicheza mchezo uleule. Tulijua hivi. Jumanne asubuhi, mama mmoja wa mtaa wa pili, Ña Celsa, alikuja konani na kitu amekifunga ndani ya taulo la jikoni. Alingoja wateja wapungue.

"Ña Eladia. Simu ya binti yangu hii. Ameniletea mwenyewe, analia. Nimeizima. Sijaangalia, naapa sijaangalia. Nimekuletea uwapelekee wale wanaoandika."

Ña Eladia akaipokea. "Nikutwangie nini?"

"Chochote."

Akamtwangia mnanaa. Msichana wa pili hakuleta simu, ila mama yake tangu siku hiyo hununua majani kwa mwuzaji wa sokoni, na akipita mbele yetu anavuka barabara. Wa tatu mpaka leo hatujui ni nani.

Gricelda aliambiwa usiku wa Jumanne hiyo kwa simu yangu. Uso wake ulijaa kioo kizima.

"Narudi, Mama. Nakata tiketi."

"Rudi, lakini usirudi na hasira. Hapa hakuna pa kuiweka."

"Ni mimi niliyemnunulia ile simu."

"Na mimi nikaifumia kifuniko," akasema Ña Eladia. "Haya. Zungumza na mwanao."

Gricelda alikuja Krismasi, akakaa, akaondoka tena. Yule mzee alikuwa amemsahau, ikabidi aanze upya kujitambulisha.

Mwezi wa Machi yule mama wa ofisi ya mashtaka alituita. Alituambia wamempata. Ni mwanamume wa makamo, katika mji wa nchi nyingine, ana mke na kazi, na katika mashine yake walikuta majina mengi ya wasichana, kila jina na bibi yake, na mama yake aliye mbali. Jazmín alikuwa mmoja wao. Msichana wa kweli, mwenye vyuma vya meno, ambaye picha zake zilikuwa zimetumika kuwakamata wengine. Yule mama alitutazama akitungoja tuseme kitu. Nadhani watu hulia hapo, au humshukuru Mungu.

"Aha," akasema Ña Eladia.

Perla akauliza kama Jazmín ameshaambiwa kwamba mtu yule amekamatwa. Akaambiwa ndiyo. Perla akatikisa kichwa kukubali, basi. Tukarudi kwa miguu. Njiani tulinunua mkate.

Sasa kuna mwanamke anayekuja Alhamisi kuzungumza na Perla, na Perla amehamia shule nyingine, anarudi na habari za walimu wapya, chache. Simu ipo, mpya, inakaa juu ya kabati, na kile kifuniko Ña Eladia amekifumua. Uzi wake ameuzungusha ukawa donge, umo kapuni, hajaufuma kuwa kitu kingine. Jioni wanaifungua pamoja. "Huyu nani?" anauliza. "Umemjulia wapi? Uso wake umeuona?" Perla anajibu. Wakati mwingine anasema, "Bibi, jamani, huyo ni mama!" na hapo kwa mbali kuna kitu kama kicheko.

Na alfajiri bado wanakaa barazani. Zile siku za kwanza Perla hakunywa kabisa. Kisha akanywa, akarudisha pembe kimya. Kikombe cha pili, kimya. Cha tatu. Ña Eladia anamimina akitazama mdomo wa mtoto, siyo maji, na mara nyingi yanafurika. Aliniambia mwenyewe kwamba anatamani watu wa zamani waliotuwekea neno hili wangetuwekea mawili, moja la aliyeshiba na moja la anayezama.

Jana asubuhi nilipita kwao kuazima unga. Nikawakuta. Perla alinyonya kikombe cha kwanza mpaka pembe ikakoroma. Akajifuta mdomo kwa kiganja, akaishika pembe kidogo mapajani. Kisha akamrudishia bibi yake.

"Asante, Bibi."

Mtoto anaweza kushiba. Alikuwa amekula mkate, niliona makombo. Anaweza pia kutaka tu kunyamaza asubuhi moja kama mtu yeyote, bila kuchunguzwa kama mgonjwa. Ña Eladia alikuwa ameinamisha jagi, maji yamefika kwenye mdomo wa jagi, hayajamwagika. Alimtazama Perla. Perla alitazama barabara. Mimi nilisimama na bakuli langu tupu.

Wewe unayenisikiliza, jagi lingekuwa mikononi mwako, ungefanya nini?